Roketi Iliyoondoka Kabla ya Mgeni Rasmi Kumaliza

Roketi ilikuwa imeshaiacha ardhi, imefika kimo cha mnara wa simu na inazidi kupanda, na Mheshimiwa Waziri alikuwa bado anawasalimu wenyeviti wa vitongoji.

"Na mwenyekiti wa Kwa Nyuki, kama yupo, asimame tumwone," alikuwa anasema.

Mwenyekiti akasimama. Hatukumwona. Moshi ulikuwa umetufunika sote, na kofia za wageni waalikwa zilikuwa zinakimbizana uwanjani kama kuku wa jirani. Mheshimiwa hakugeuka. Katika nchi ile kiongozi akiwa jukwaani hageuki nyuma. Anayegeuka ni msaidizi wake, na msaidizi alikuwa amekwenda kutafuta maji ya chupa. Basi Mheshimiwa akakamata karatasi zake kwa mikono miwili, akakisogelea kipaza sauti, akasema:

"Naomba utulivu huko nyuma."

Jina la nchi silitaji. Nimekaa nchi nyingi, darasa la kwanza nimelisoma katika moja na la nne katika nyingine, na hapo katikati sikusoma popote, kwa hiyo huenda nachanganya mipaka. Ukidhani ni nchi yako, hayo ni yako na dhamiri yako. Mimi nilikuwa napita tu. Bwana mmoja mwenye beji aliona viti vitupu, akanishika mkono, akaniketisha upande ulioandikwa WANANCHI WENYE MATUMAINI.

Roketi ilikuwa mali ya Kampuni ya Mbingu Karibu, na ilibeba setilaiti ya kutangaza sabuni. Mafundi waliitega iruke saa nne kamili asubuhi. Walikuwa wamesomea mbali, na hakuna aliyewaeleza kwamba saa nne katika nchi ile ni saa ya kuanza kupanga viti. Mheshimiwa Ezekia Tindwa, Waziri wa Anga na Mambo ya Juu, alijitahidi sana. Alifika saa nne kasoro robo, jambo ambalo wazee walisema halijapata kutokea tangu uhuru. Lakini hotuba ilikuwa na kurasa arobaini na moja, na saa nne ilimkuta kwenye ukurasa wa tatu.

Mbele yake palikuwa na meza yenye kitambaa, na juu ya meza kitufe kikubwa chekundu. Kitufe hakikuungwa na waya wowote. Kazi yake ilikuwa kubonyezwa. Mheshimiwa angemaliza ukurasa wa mwisho, angesema, "Natamka rasmi kwamba roketi hii imeruka," angebonyeza, na hapo ndipo ingekuwa imeruka. Maana kule kitu hakiwi mpaka mgeni rasmi aseme kimekuwa. Nimeona daraja zuri la zege, watu wanavuka mto kwa kuogelea chini yake, wanangoja lizinduliwe. Nimeona wodi ya wazazi ambamo mtoto alizaliwa kabla ya uzinduzi. Wakamwandika kazaliwa mwaka uliofuata, na mpaka leo shule inamwona mdogo.

Saa mbili baadaye Mheshimiwa alifika ukurasa wa arobaini na moja. "Kwa hiyo basi," akasema, "kwa mamlaka niliyopewa, natamka..." Akageuka ili ainyooshee roketi mkono.

Pale palikuwa na kiraka cheusi ardhini.

Mheshimiwa alikuwa mtu mwangalifu. Hakufikishwa kwenye uwaziri kwa kutamka vitu visivyokuwapo. Hivyo huviahidi tu. Akafumba mdomo, akakunja karatasi, akasema, "Shughuli hii imeahirishwa mpaka itakapotangazwa tena." Tukapiga makofi. Askari wawili wakaachwa kituoni wailinde roketi.

*

Roketi hupanda kama mtu anayekimbia mvua: njiani hutupa mizigo. Mzigo wa kwanza kutupwa ni tangi la chini, ambalo mafuta yake yakiisha halina faida tena kwa mtu aliye juu. Tangi hilo, urefu wa watu watatu, lilishuka Kwa Nyuki, kwenye nyumba ya Bi Sikudhani.

Bi Sikudhani alikuwa fundi cherehani, mjane wa miaka hamsini na kitu. Alishona sare za kwaya, bendera, na zaidi ya yote mapazia yale ya kufunikia mawe ya msingi. Asubuhi ile alikuwa sokoni ananunua uzi. Nyumbani alikuwamo mama mkwe wake, Bi Kidawa, ambaye miguu ilikwisha kumkataa miaka mingi na alikuwa hatoki kitandani. Tangi lilipasua bati, likavunja boriti mbili, likang'oa nusu ya ukuta wa mbele, kisha likakwama, mdomo wake ukiangalia chini, moja kwa moja juu ya kitanda.

Sikudhani aliporudi mbio alisikia sauti ya mkwewe kutoka katikati ya vumbi.

"Sikudhani! Kuna mgeni. Mwambie kwetu hodi hupigwa mlangoni."

Watu wakaja kumtoa bibi. Bibi akakataa. Wanaume wanne waliponyanyua godoro, akamng'ata mmoja.

"Mnanipeleka wapi? Kwa nani? Mtu niliyezalia kwenye kitanda hiki watoto saba, leo nifukuzwe na pipa?"

"Mama, litakuangukia."

"Limekuwa na nafasi ya kuniangukia tangu asubuhi. Limejiheshimu."

Basi wakamwacha. Lakini lile halikuwa jambo la kuacha. Tangi lilihitaji kreni, na kreni nchini zilikuwa mbili, moja ya serikali na nyingine ya kampuni. Paa halikuweza kuezekwa mpaka tangi litoke. Na masika yalikuwa yamebakiza wiki tatu tu. Bibi mwenye kifua kibovu kama chake, mvua ikimnyeshea kitandani usiku mmoja tu, wa pili hauoni. Sikudhani alilijua hilo, na mkwewe alilijua zaidi, ndiyo maana alikuwa anafanya mzaha mno.

Mimi nilipewa baraza la jirani, kwa malipo ya kusaidia kushikilia mabati upepo ukivuma. Ndivyo nilivyoyaona haya.

*

Ofisi ya Dhima za Angani ilikuwa chumba kimoja nyuma ya Idara ya Mifugo, na hili lilikuwa na sababu yake. Mataifa makubwa yalikwisha kukubaliana kwamba kitu kikiruka kutoka nchi fulani kikamwangukia mtu, nchi hiyo ndiyo itakayojibu. Nchi ile ilitia saini kwa furaha, ikidhani ni shughuli ya bendera. Kisha ikaambiwa itunge sheria yake, na Bunge likabakiwa na siku nne kabla ya mapumziko. Mwandishi wa sheria akachukua Sheria ya Mifugo, ambayo ilikuwa nzuri na haijachakaa, akafuta "ng'ombe" akaweka "roketi". Mahali pengi alifuta vizuri. Ndiyo maana kanuni zinasema roketi haitavuka wilaya bila chanjo, na roketi yenye mimba haitarushwa.

Ofisa wa zamu, Bwana Mfaume, alisimama alipomwona mama mtu mzima.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Roketi yenu imeingia nyumbani kwangu."

"Roketi ipi, mama?"

"Kwani mnazo ngapi?"

"Moja."

"Basi hiyo."

"Hiyo ipo, mama."

"Ndiyo, ipo. Kwangu."

"Ipo kituoni. Inalindwa." Akapiga simu, akaweka sauti kubwa ili haki ionekane ikitendeka. "Afande, roketi ipo?"

"Ipo, mkuu. Haina shida."

"Unaiona?"

"Siioni, mkuu. Lakini sijapewa ruhusa ya kusema haipo."

Bwana Mfaume akakata simu, akafungua mikono yake kama mtu aliyemaliza kunawa. "Umesikia mwenyewe."

Bi Sikudhani akavuta kiti akakaa, bila kukaribishwa. "Mwanangu, nisomee hicho kitabu. Ng'ombe wa mtu akivunja nyumba yangu, inakuwaje?"

Akamsomea. Kifungu cha kumi na tisa: mwenye roketi iliyovunja boma la mtu atalijenga upya kwa mikono yake au ya watu wake, kwa vifaa vilevile au bora kuliko hivyo, ndani ya siku saba.

"Sasa je?"

"Endelea kusikiliza, mama. 'Ilimradi roketi hiyo iwe imetoka zizini kwa ruhusa iliyotamkwa.' Haikutamkwa. Waziri aliahirisha."

"Na iliyotoka bila kutamkwa?"

Bwana Mfaume akafunua kurasa, akakuna kichwa. "Iliyotoka yenyewe, haina mchungaji, inazurura... hiyo kwa sheria ni ya porini. Nenda Wanyamapori."

*

Wanyamapori walikuja siku ya tatu, askari wawili wapole sana. Walilizungushia tangi utepe, wakapima urefu, wakatafuta nyayo. Wakaweka kibao: USIMSUMBUE. Mmoja akamuuliza Bi Kidawa kama mnyama anatoa mlio.

"Jua likipanda analia ti, ti, ti. Likishuka ananyamaza."

Akaandika. "Anakula nini?"

"Mpaka sasa amekula bati kumi na nne na boriti mbili."

"Fidia ya mnyamapori ipo, afande?" aliuliza jirani.

"Ipo, ila haijapata kutoka," alisema askari. "Sisi tunatoa ushauri. Choma pilipili kavu, piga madebe. Ikibidi kupita mbele yake, usimtazame machoni."

"Nimelala naye siku zote hizi," Bi Kidawa akasema. "Marehemu mume wangu alikuwa anakoroma kuliko huyu, na hakuna serikali iliyoniletea utepe."

Pilipili ikachomwa, kwa kuwa ilikuwa amri. Bi Kidawa akakohoa siku mbili mfululizo, na Sikudhani akaacha kucheka kabisa.

Kisha akaja wakili wa kampuni, Bwana Desideri, mtu wa viatu vyeupe. Alitembea juu ya vifusi kama anayevuka uji.

"Shikamooni wazee wangu. Poleni sana. Kampuni imeguswa."

"Sisi ndio tumeguswa, baba," alisema Bi Sikudhani. "Ondoeni tangi lenu."

"Mama, nitakueleza kwa moyo mweupe. Leseni yetu ni ya kupanda. Isome mwanzo mpaka mwisho: kupanda. Kushuka hatukuombea kibali. Kwa hiyo hatuwezi kuwa tumeshuka, maana tungekuwa tumevunja sheria, na sisi hatuvunji sheria."

"Redioni kila siku mnaimba kwamba sabuni yenu iko mbinguni."

"Hilo ni tangazo, mama. Tangazo si ushahidi."

"Jina la kampuni limeandikwa hapo ubavuni, herufi kama milango!"

Bwana Desideri akalisoma kwa makini, midomo ikichezacheza. "Majina yanafanana," akasema. Akamwachia kila mmoja kipande cha sabuni, akaenda zake.

*

Tone la kwanza la mvua lilianguka Jumatatu, likaacha alama juu ya shuka la Bi Kidawa, kubwa kama ukucha. Bibi aliifunika kwa kiganja ili mkwe wake asiione. Sikudhani aliiona. Akajitanda kanga, akarudi ofisini, akasimama mbele ya Bwana Mfaume mpaka yule kijana wa watu akaangalia mlango na kushusha sauti.

"Mama, usiseme nimesema mimi. Shida ni sentensi moja. Akitamka tu kwamba imeruka, kifungu cha kumi na tisa kinaamka. Na yeye anajua. Tangu siku ile hatamki kitu. Amefuta ziara kumi na moja. Nasikia nyumbani hata ugali hatamki kwamba umeiva."

"Wiki tatu hajazindua kitu?"

"Hata choo."

Bi Sikudhani akatoka. Nilikuwa nyuma yake, nikaona anatembea kama mtu anayepima kitambaa kwa macho. Miaka ishirini alikuwa ameshona mapazia ya uzinduzi. Ndiye aliyekuwa akisimama pembeni na sindano mdomoni, fundo lisije likakwama, na alijua jambo ambalo wanasheria hawakulijua: namna mkono wa kiongozi unavyofanya ukiona kamba ya pazia.

Barua ikaandikwa, nami nikaipeleka. "Tunakuomba Mheshimiwa uwe mgeni rasmi katika uzinduzi wa kitu kikubwa cha maendeleo, Kwa Nyuki, Alhamisi. Kitakuwa kimefunikwa." Jibu la kukubali lilirudi kabla sijamaliza chai niliyopewa. Msaidizi wake alinong'ona kwamba Mheshimiwa hali yake si nzuri. Asubuhi zile alikuwa anafungua mapazia ya chumba chake cha kulala, anarudi nyuma hatua mbili, anajipigia makofi.

"Hakuuliza ni kitu gani?" nikasema.

"Hajawahi kuuliza," alisema msaidizi.

*

Alhamisi mawingu yalikuwa chini kiasi cha kuguswa na ufagio. Bi Sikudhani hakuwa amelala siku tatu. Pazia lilikuwa la buluu, lenye vishada vya rangi ya dhahabu, limetanda mbele yote ya nyumba, pale ukuta ulipokuwa, na kamba yake nene ilining'inia upande wa kulia. Kwaya ilikuwapo. Redio ya taifa ilikuwapo, inatangaza moja kwa moja. Zulia jekundu lilikuwapo, na chini yake mavi ya mbuzi.

Bwana Mfaume alifika katika msafara wa Waziri. Alipoitambua nyumba, uso ulimbadilika. Kazi ilikuwa kazi; akaandika kikaratasi, akakipenyeza mkononi mwa Mheshimiwa.

"Salamu zenu nitazisoma baadaye," alisema Mheshimiwa, akakitia mfukoni pamoja na vingine.

Hotuba ilikuwa na kurasa thelathini. Mshereheshaji, aliyekuwa amefundwa na Bi Sikudhani, alitazama juu akasema, "Mheshimiwa, mvua. Labda twende moja kwa moja kwenye pazia."

Neno "pazia" lilimwingia kama harufu ya pilau. Akaziacha karatasi. Akaishika kamba. Akavuta.

Pazia likateleza bila kukwama popote. Likatokea tangi, limeegemea boriti zilizovunjika, ubavuni limeandikwa MBINGU KARIBU. Na chini yake kitanda, na kitandani Bi Kidawa, amevaa kanga mpya, amekunja mikono.

Mheshimiwa akalitambua. Mdomo ulikuwa umeshafunguka, maneno yamefika mlangoni, akayashika hapo hapo kwa meno. Kwaya ilikuwa imevuta pumzi haijaitoa. Bwana Mfaume alikuwa anatikisa kichwa kulia na kushoto kama feni. Matone yakaanza, moja hapa, moja pale. Bi Sikudhani hakumwangalia Waziri; alikuwa anaangalia matone yanakoangukia.

"Baba," Bi Kidawa akasema kwa upole, "mwanamume mzima hufungua pazia akanyamaza? Hata fundi bomba akija huwa anasema chochote."

Watu wakacheka. Kicheko kikazaa kigelegele kimoja, kigelegele kikazaa makofi, na makofi ndiyo yaliyommaliza. Mtu yule alikuwa hajapigiwa makofi wiki tatu. Kifua kikapanda, mabega yakarudi nyuma, mkono ukanyooka wenyewe.

"Kwa mamlaka niliyopewa," akasema, machozi yanamtoka, "natamka rasmi kwamba roketi hii... imeruka!"

Nchi nzima ikamsikia.

*

Mwanasheria Mkuu alikaa na jambo hilo siku moja na nusu. Alikubali kwamba roketi imeruka. Haikuwezekana kukataa, ilikuwa redioni, na safari hii halikuwa tangazo. Lakini akagundua kwamba imeruka kutoka Kwa Nyuki, maana hapo ndipo ilipotamkwa. Kwa hiyo nyumba ya Bi Sikudhani si boma lililovunjwa. Ni zizi la serikali ilikotoka roketi, na roketi haiwezi kudaiwa kwa kuvunja zizi lake lenyewe. Kifungu cha kumi na tisa hakihusiki. Serikali haina dhima yoyote kwa nyumba ile.

Bwana Mfaume ndiye aliyeleta barua. Alimkuta Bi Sikudhani amelitandika pazia la buluu juu ya kitanda cha mkwewe, tabaka nne, maji yanachuruzika pembeni. Akaisoma amesimama mvuani. Alipofika mwisho hakuondoka.

"Mama," alisema, "mimi ni mtu wa mifugo. Kuna kifungu cha saba."

"Kinasemaje?"

"Zizi la serikali lazima liwe na paa lisilovuja, kuta nne, maji safi na njia ya kufikika mwaka mzima. Likikutwa bila hivyo, Waziri anashitakiwa yeye binafsi."

Bi Sikudhani akafuta uso kwa upindo wa kanga. "Nani hukagua?"

"Mimi," alisema Bwana Mfaume. "Nimeshakagua. Hali ni mbaya sana."

Kreni ilifika kesho yake. Kwa kuwa roketi ilikwisha kuruka, kisheria pale hapakuwa na tangi, na mafundi hawakuruhusiwa kuondoa kitu ambacho hakipo. Wakaliondoa, wakajaza hati: "Vitu vilivyochukuliwa: hakuna. Uzito: tani moja na robo." Bati zilipigiliwa siku ya nne.

Kituo cha zamani kilifungwa na askari wale wawili wakapangiwa kulinda kwingine. Kampuni ya Mbingu Karibu ilibadilisha jina, na Bwana Desideri akabadilisha viatu. Setilaiti ya sabuni haikupata kuonekana juu wala chini, na Wanyamapori wameiorodhesha miongoni mwa viumbe adimu. Mheshimiwa Tindwa alipewa wizara nyingine, isiyo na kitu cha kuzindua, akaugua, akapelekwa nje ya nchi. Bwana Mfaume alirudishwa Mifugo na akashukuru. Bi Sikudhani ni Mkuu wa Kituo cha Kurushia Roketi cha Kwa Nyuki. Ana bomba la maji uani na barabara mpaka mlangoni, na kila miezi mitatu huandika taarifa kwamba hakuna kilichoruka. Mimi niliondoka Jumanne na lori la vitunguu. Bi Kidawa alifariki mwaka uliofuata, katikati ya masika, kitandani mwake. Godoro lilikuwa kavu.